Nyumba ya milioni 100, mkopo wa miaka 20: utalipa kiasi gani hasa?

SWALI: Nina miaka 38, nimeajiriwa bandarini hapa Tanga, mke wangu ni muuguzi. Tumepata nyumba ya vyumba vitatu Kange, bei Sh milioni 100. Benki imekubali kutukopesha milioni 80 kwa riba ya 15% kwa miaka 20, marejesho Sh 1,053,432 kwa mwezi. Milioni 20 tunatoa wenyewe. Kwa sasa tumepanga Makorora kwa Sh 300,000 kwa mwezi. Mjomba anasema tutailipa nyumba hiyo mara tatu, bora tununue kiwanja tujenge taratibu. Afisa mikopo anasema riba ya 15% ni ya kawaida, tusiogope. Tumsikilize nani?

JIBU: Mjomba hesabu yake iko karibu na kweli. Sh 1,053,432 mara miezi 240 ni Sh milioni 252.8. Mmekopa milioni 80, kwa hiyo riba peke yake ni milioni 172.8. Ongeza milioni 20 za mfukoni, nyumba ya milioni 100 imeshakula milioni 272.8 kabla hamjagusa ada, bima, kodi na ukarabati. Afisa mikopo naye hakudanganya, maana 15% si riba ya ajabu kwa mkopo wa nyumba hapa nchini. Ila riba peke yake haisemi kitu mpaka ujue utakaa nayo miaka mingapi, na hapo ndipo wakopaji wengi hawapigi hesabu.

Shika kalamu tuandike mwezi wa kwanza. Deni ni 80,000,000. Riba ya mwaka ni 15%, ya mwezi 1.25%, yaani Sh 1,000,000 kamili. Unalipa 1,053,432. Milioni nzima inakwenda kwenye riba, na kilichopunguza deni ni Sh 53,432. Mwezi wa pili deni ni 79,946,568, riba 999,332, na deni linapungua kwa 54,100. Tofauti na mwezi uliotangulia ni Sh 668. Benki haijakuibia hapo. Riba inapigwa kwenye salio la deni, na rejesho la miaka 20 limepangwa likiwa juu kidogo tu ya riba ya mwanzo, kwa hiyo deni lenyewe linaguswa kidogo sana.

Mwisho wa mwaka wa kwanza mtakuwa mmetoa milioni 12.64 na deni limeshuka kwa Sh 687,000 hivi. Baada ya miaka 5 mmetoa milioni 63.2 na mnadaiwa milioni 75.3. Baada ya miaka 10, mmetoa milioni 126.4 na bado mnadaiwa milioni 65.3. Deni linafika nusu, milioni 40, mwaka wa 16 ukikaribia kwisha. Hadi mwezi wa 185 sehemu kubwa ya kila rejesho ni riba; kuanzia wa 186 ndipo deni linaanza kupata fungu kubwa kuliko riba.

Nakuandikia haya kwa sababu wewe ni mtu wa bandari, na watu wa bandari huhamishwa. Tuseme mwaka wa 5 unapelekwa Mtwara au Dar es Salaam na mnaamua kuuza. Nyumba ikiuzwa milioni 100 ileile, benki inachukua 75.3, dalali anachukua chake, na kinachobaki ni kama ile milioni 20 mliyoanza nayo. Milioni 63 mlizolipa zimeishia kuwa kodi ya pango, na kodi ghali kweli.

Sasa tuje kwenye muda, kwa sababu hapa ndipo penye fedha nyingi za kuokoa. Milioni 80 hizohizo, riba hiyohiyo ya 15%, mkilipa kwa miaka 15 rejesho ni Sh 1,119,670. Hiyo ni Sh 66,238 zaidi kwa mwezi. Jumla inakuwa milioni 201.5 badala ya 252.8. Kwa elfu sitini na sita za mwezi mnaokoa milioni 51.3 na miaka mitano ya maisha. Kwa miaka 10 rejesho linapanda hadi 1,290,680 na jumla inashuka hadi milioni 154.9. Miaka 25 haikuhusu, kwa umri wako ungemaliza na miaka 63 ilhali kustaafu kwa lazima ni 60, lakini itazame uone namna kurefusha muda kunavyopumbaza: rejesho linapungua kwa Sh 28,768 tu, na jumla inapanda hadi milioni 307.4. Kila ukirefusha, nafuu ya mwezi inakuwa ndogo zaidi na gharama ya mwisho inakuwa kubwa zaidi.

Kama unataka kupiga hesabu zako mwenyewe bila kumsubiri afisa, fungua Excel au Google Sheets na uandike =PMT(15%/12,240,-80000000). Badili riba, badili idadi ya miezi, uone. Asiye na kompyuta atumie hesabu ya kila milioni: kwa riba ya 15%, kila milioni moja inalipwa Sh 13,168 kwa mwezi kwa miaka 20, Sh 13,996 kwa miaka 15, na Sh 16,133 kwa miaka 10. Kopa milioni 45, zidisha kwa 45, basi.

Na kama benki inakataa miaka 15 kwa sababu ya kanuni ya theluthi moja ya mshahara kubaki mkononi, bado kuna njia. Chukueni miaka 20 lakini mlipe zaidi. Mkiongeza Sh 100,000 kila mwezi tangu mwezi wa kwanza, deni linakwisha mwezi wa 163, miaka 13 na miezi 7, na mnaokoa takribani milioni 65. Au muwe na malipo ya mara moja: posho ya safari, malimbikizo ya mshahara, kikoba kimevunjwa. Milioni 5 ikiingia kwenye deni mwisho wa mwaka wa kwanza, rejesho la kawaida likabaki palepale, mkopo unafupika kwa miezi 56. Milioni 5 inaokoa milioni 54. Milioni hiyohiyo 5 ikilipwa mwisho wa mwaka wa 18 haiokoi hata milioni mbili, maana riba iliyobaki mbele yake ni kidogo. Kwa hiyo anayesema nitaanza kulipa ziada mambo yakitulia, anapanga kulipa wakati ziada hiyo haina nguvu tena.

Lakini ziada haijiendi yenyewe inakotakiwa. Mnaweza kuweka milioni 5 kwenye akaunti ya mkopo na mfumo wa benki ukaiacha imekaa pale ikisubiri marejesho ya miezi mitano ijayo. Hapo hamjaokoa chochote. Au benki inaipeleka kwenye deni, kisha inapunguza rejesho la mwezi na kuacha miaka ileile 20. Hapo mmeokoa kidogo tu. Mnachotaka ni kitu kimoja: ipunguze salio la deni siku hiyohiyo, rejesho libaki kama lilivyo, muda ufupike. Andikeni barua yenye maneno hayo, muombe jedwali jipya la marejesho, na mlinganishe tarehe ya mwisho ya zamani na mpya. Kabla ya yote, someni kwenye barua ya ofa kama kuna tozo ya kulipa kabla ya muda, ni asilimia ngapi, na kama inagusa malipo ya sehemu au kufunga mkopo wote tu. Kipengele hiki mnaweza kukijadili kabla ya kusaini. Baada ya kusaini hakuna atakayewasikiliza.

Swali la pili la kumbana nalo afisa: riba hii haibadiliki, au inabadilika? Barua nyingi zina sentensi inayoipa benki haki ya kurekebisha riba kulingana na hali ya soko. Benki Kuu ilianza kutangaza riba yake ya sera Januari 2024 kwa 5.5%, ikapanda hadi 6% Aprili mwaka huohuo, ikashuka hadi 5.75% Julai 2025. Riba za mikopo ya watu hazipandi na kushuka papo kwa papo na hiyo, lakini miaka 20 ni mingi. Tuseme baada ya miaka 3 riba yenu inapanda kutoka 15% hadi 17%. Wakati huo mnadaiwa milioni 77.6. Ili mmalize kwa muda uleule, rejesho linapanda hadi Sh 1,165,271, yaani Sh 111,839 zaidi kila mwezi.

Hilo angalau linaonekana. Baya zaidi ni benki kuacha rejesho palepale na kurefusha muda kimyakimya. Kwa 17%, riba ya mwezi kwenye milioni 77.6 ni Sh 1,099,183. Nyinyi mnalipa 1,053,432. Rejesho halitoshi hata riba, na deni linakua kwa Sh 45,751 mwezi huo, kisha linaendelea kukua. Mtu analipa kila mwezi bila kukosa na anadaiwa zaidi kuliko mwaka jana. Dawa yake ni kuomba taarifa ya mkopo kila baada ya miezi sita na kutazama mstari mmoja tu, salio la deni. Likiwa halishuki, nendeni tawini siku hiyohiyo.

Kwenu imeandikwa riba ya salio linalopungua, nimeilinganisha na rejesho lenu na inakubali. Ila wapo watakaowajia na riba flati, na watasema 10% ni nafuu kuliko 15%. Riba flati inapigwa kwenye fedha yote uliyokopa kila mwaka hata kama umesharudisha robo tatu. Mkopo wa flati 10% kwa miaka 5 kwa kweli ni zaidi ya 17% ukiupima kwa salio linalopungua. Hili linawahusu moja kwa moja, kwa sababu hujaniambia milioni 20 mtaipata wapi. Wengi wanaichukua Saccos au kwenye taasisi ndogo ya mikopo. Milioni 20 kwa flati 10%, miaka 5, ni Sh 500,000 kwa mwezi. Jumlisha na rejesho la benki: 1,553,432 kila mwezi kwa miaka mitano ya mwanzo, miaka ambayo nyumba mpya ndiyo inadai pazia, geti na tangi la maji. Mchango wenu ukiwa nao ni deni, nyumba hiyo kwa sasa imewazidi. Ngojeni.

Walio na nia ya kuikwepa riba kwa sababu ya dini hupelekwa kwenye dirisha la Kiislamu, ambako benki inainunua nyumba na kukuuzia kwa bei yenye faida yake, ulipe kidogo kidogo. Faida yake ni kwamba jumla inajulikana siku ya kwanza na haipandi katikati. Lakini jumla hiyo iwekeni kando ya jumla ya mkopo wa kawaida mlinganishe, na muulize kwa maandishi: tukimaliza mapema, punguzo la faida ni haki yetu au ni hisani ya benki? Pasipo punguzo, zile hesabu za kulipa ziada nilizoonyesha juu hazifanyi kazi.

Gharama za kuingilia sitazirefusha. Ada ya kushughulikia mkopo ya 1% kwenye milioni 80 ni 800,000, ongeza VAT ya 18% inakuwa 944,000. Kuna mthamini aliyesajiliwa, mwanasheria wa mkataba wa mauziano, upekuzi wa hati, kusajili rehani, na ushuru wa stempu ambao kwa uhamisho ni karibu 1% ya thamani, yaani kama milioni moja. Tengeni milioni 4 hadi 5 nje ya ile 20. Kodi ya ongezeko la mtaji ni ya muuzaji, lakini uhamisho haupiti bila TRA kuridhika, na wauzaji hupenda kuikumbuka siku ya mwisho na kumwachia mnunuzi mwenye haraka. Iandikwe kwenye mkataba nani analipa. Kwenye hati someni miaka iliyobaki: ya miaka 33 iliyotolewa zamani inaweza kuwa imebakiza michache kuliko mkopo wenyewe.

Kodi ya majengo isiwasumbue. Nyumba ya chini isiyo ghorofa hukatwa Sh 1,500 kwa mwezi kupitia LUKU. Bima ndiyo ya kutazama. Mkopo wa nyumba unakuja na bima ya jengo na bima ya maisha ya mkopaji. Tuseme zote pamoja ni 0.5% kwa mwaka. Ikipigwa kwenye salio la deni, kwa miaka 20 mtalipa kama milioni 5.8, ikipigwa kwenye mkopo wa awali kila mwaka, ni milioni 8. Ulizeni ni ipi. Na kwa kuwa rejesho linategemea mishahara miwili, majina mawili yawe kwenye bima ya maisha. Ikiwa na jina lako tu, na Mungu apishe mbali mkeo akatangulia, deni linabaki lote na mshahara umebaki mmoja. Someni pia kama inalipa ulemavu wa kudumu, na kama inalipa mtu akiachishwa kazi. Mara nyingi hilo la mwisho halimo.

Ukarabati kwa nyumba ya Tanga usiupuuze. Upepo wa bahari una chumvi, na bati jembamba la geji 30 huanza kutu kwenye misumari na mikunjo mapema kuliko mwenye nyumba alivyotarajia. Kabla ya kununua, pandeni juu mtazame. Ndani ya nyumba tazameni ukuta futi mbili za chini: rangi inayobambuka na unga mweupe unaojitokeza kwenye plasta ni dalili ya unyevu na chumvi, pengine msingi hauna karatasi ya kuzuia unyevu, pengine mchanga uliotumika ni wa pwani. Mchanga wa bahari ukiwa ndani ya zege, kutu ya nondo inaanzia ndani, zege linapasuka kufuata mstari wa nondo, na hilo halitibiki kwa rangi. Wekeni 1% ya thamani ya nyumba kila mwaka kwa matengenezo, yaani milioni moja. Mwaka mwingine hamtaigusa, mwaka wa paa mtaimaliza yote.

Kuna gharama nyingine ambayo hakuna atakayewapa risiti yake, nayo ni ile milioni 20 yenyewe. Hapa Tanga mfano uko mlangoni: hatifungani ya kijani ya Tanga UWASA, mamlaka ya maji, ya 2024 iliahidi wawekezaji riba ya 13.5% kwa mwaka kwa miaka 10. Milioni 20 kwa kiwango hicho ni milioni 2.7 kwa mwaka. Ukiitia kwenye nyumba, umeacha hiyo.

Jumlisheni sasa mwaka wa kwanza wa Kange. Marejesho milioni 12.64, matengenezo 1, bima 0.4, mapato mliyoyaacha 2.7. Hiyo ni milioni 16.74. Toeni 0.69 iliyopunguza deni, toeni milioni 3.6 ya kodi ya Makorora ambayo hamtailipa tena. Zinabaki milioni 12.45. Ili mwaka huo msipate hasara ukilinganisha na kupanga, nyumba ingepaswa kupanda thamani kwa zaidi ya 12%. Madalali watawatajia bomba la mafuta la Chongoleani na upanuzi wa bandari, na huenda bei zikapanda kweli, lakini kupanda 12% kila mwaka si jambo la kujengea bajeti. Kama nyumba ya Makorora ni ndogo au duni kuliko ya Kange, tumieni kodi ya nyumba inayofanana. Hesabu italegea kidogo, haitageuka.

Nisiegemee upande mmoja. Shilingi ya mwaka wa 20 si ya leo. Mfumuko wa bei mwaka 2023 na 2024 ulikuwa kati ya 3% na 4%. Tukichukua 4% kwa miaka yote 20, zile milioni 252.8 zina uzito wa milioni 174 za leo, na rejesho la mwisho la Sh 1,053,432 litakuwa na nguvu ya kama 480,000 ya sasa. Kodi nayo haitakaa 300,000. Ikipanda 5% kwa mwaka, mwaka wa 20 ni kama 758,000, na jumla ya miaka yote ni milioni 119, na mwisho wake mwenye nyumba bado ni mwingine. Nyumba mnayo, imepanda au haijapanda, na watoto hawahamishwi shule kila mwenye nyumba anapobadili mawazo. Hayo yana thamani. Ila thamani hiyo isifanywe sababu ya kusaini miaka 20 bila kusoma.

Sasa ushauri wa mjomba. Kujenga taratibu hakuna riba, lakini kuna kodi mnayoendelea kulipa, bei ya saruji na nondo inayopanda, tofali zinazopungua usiku, na fundi anayehamia kwa mwingine. Jengo lililokwama katikati lina adui mwingine huku pwani: nondo zilizoachwa wazi juu ya nguzo zikisubiri fedha ya lenta. Misimu miwili ya mvua na upepo wa bahari inatosha kuzivisha kutu. Mkisimama, zipakeni uji mzito wa saruji, na mkirudi kazini zisuguliwe kwa brashi ya waya kabla ya kumwaga zege. Lililo baya kuliko yote ni kiwanja cha karatasi ya mauziano ya mtaani bila kupimwa. Hicho benki haitakitambua hata mkikijengea jumba.

Kwa hali yenu mimi ningepita katikati. Tofauti kati ya rejesho la benki na kodi ya Makorora ni kama Sh 750,000 kwa mwezi. Jilazimisheni kuiweka kando kila tarehe ya mshahara kana kwamba benki imeikata. Kwa miaka 3 ni milioni 27, na 20 za mwanzo, 47. Nunueni kiwanja kilichopimwa chenye hati, Pongwe au pembeni zaidi ya Kange, mjenge mpaka mnapofika, kisha mkope cha kumalizia peke yake. Milioni 30 kwa 15% kwa miaka 7 ni Sh 578,903 kwa mwezi, jumla milioni 48.6. Riba ni milioni 18.6. Linganisheni na 172.8. Kama nyinyi si watu wa kuweka 750,000 kando bila kuigusa, na wengi wetu hatuko hivyo, basi nunueni ya Kange, lakini kwa miaka 15, baada ya kuomba bei ishuke. Kila milioni moja muuzaji anayoipunguza inawaokolea milioni 2.5 za marejesho kwa muda huo.

Mkishaingia, mtaanza kupigiwa simu mwaka wa 4 au wa 5 kwamba mmekuwa wateja wazuri, chukueni topapu, yaani mkopo wa nyongeza. Topapu huandika mkopo mpya, na mkopo mpya huanzia mwezi wa kwanza, pale ambapo riba inakula karibu rejesho lote. Kuhamia benki nyingine ni habari tofauti: baada ya miaka 3, mkipata 13% kwa muda uliobaki wa miezi 204, rejesho linashuka kwa Sh 107,900 hivi. Gharama za kufuta rehani, kuthamini upya na ada zikifika milioni 4, zinajirudisha kwa miezi 37. Inafaa, mradi hawajawapa tena miaka 20 mipya.

Mkeo lazima aridhie rehani kwa maandishi, kama ilivyo wewe kwake. Sheria ya Ardhi ya 1999 haikubali nyumba ya familia iwekwe rehani na mmoja kimyakimya. Basi asome jedwali la marejesho kabla, asiitwe kuja kusaini tu. Tarehe ya makato iwe siku mbili tatu baada ya mshahara, maana faini ya kuchelewa inatozwa hata aliyechelewesha akiwa mwajiri. Mambo yakiharibika, benki inapaswa kutoa notisi ya maandishi ya siku 60 kabla ya kutumia haki yake ya kuuza. Siku hizo ni za kwenda tawini kuomba mpango mpya wa malipo. Wanaojificha ndio wanaokutana na dalali wa mnada.

Na siku mkimaliza, msiridhike na barua ya pongezi. Daini hati halisi na fomu ya kufuta rehani iliyosainiwa na benki, mzipeleke wenyewe ofisi ya ardhi ya mkoa, na baada ya wiki chache mfanye upekuzi kuhakikisha rehani imeondolewa kwenye daftari la Msajili.